Saladi ya Moto ya Liège: Viazi, Maharage Machanga na Nyama ya Moshi

Kwa wengi wetu saladi ni kitu cha baridi kinachokaa pembeni: kachumbari kando ya pilau, kabichi iliyokatwakatwa kando ya chipsi. Hii haikai pembeni. Huliwa ya moto au ya uvuguvugu, hushibisha, na aliyemaliza sahani yake haulizi wali uko wapi. Asili yake ni Liège, mji wa mashariki mwa Ubelgiji ulio kwenye mto Meuse, uliokua kwa makaa ya mawe na chuma. Wenyewe huiita salade liégeoise. Ndani yake mna viazi mviringo, maharage machanga, kitunguu, vipande vya nyama ya nguruwe iliyotiwa chumvi na kupitishwa kwenye moshi, na siki. Mayonezi haimo, na ukiona mtu anaitia, ujue anapika kitu kingine.

Kwa Waswahili wa Bukavu, Goma na Lubumbashi walio na ndugu Ubelgiji, chakula hiki si kigeni sana. Kwetu wengine ni kigeni kwa jina tu, maana vitu vyake viko sokoni. Maharage machanga, ambayo Kenya huitwa mishiri, hulimwa kwa wingi Kenya na kaskazini mwa Tanzania, yakapakiwa kwenye ndege kwenda Ulaya. Sisi tunaobaki nayo huyatupia kwenye mchuzi pamoja na karoti, yakachemka mpaka yakapoteza rangi na ladha. Yanastahili kutendewa vizuri zaidi.

Mwongozo huu ni wa watu 4. Utahitaji saa moja hivi, na sehemu kubwa ya saa hiyo ni ya kungoja maji yafanye kazi yake.

Kwanza uelewe siki

Mambo mengi katika saladi hii yanasameheka. Nyama ikizidi kidogo au kitunguu kikipungua, chakula bado kinalika. Kisichosameheka ni siki iliyoingia wakati usio wake, kwa sababu viazi na maharage vinaipokea kwa namna mbili zilizo kinyume kabisa.

Kiazi kinaitaka siki mapema. Kikiwa cha moto, wanga wake umefura kwa maji na nyama yake iko wazi, hivyo siki uliyoinyunyiza juu inazama mpaka ndani. Kikishapoa, wanga hujipanga upya na kukaza, na siki hiyohiyo hubaki juu juu. Ukila utaonja ukali kwenye ulimi, kisha katikati ya kiazi hamna kitu. Ndiyo maana saladi nyingi za viazi zinazouzwa zikiwa baridi hulazimika kufunikwa kwa mayonezi.

Maharage machanga yanaitaka siki mwishoni kabisa. Rangi yake ya kijani hutokana na klorofili, na katikati ya kila chembe ya klorofili mna madini ya magnesiamu. Asidi huing'oa magnesiamu hiyo, na kijani kinageuka rangi ya zeituni iliyochakaa. Haichukui muda. Ukiyatia siki kisha ukaenda kupokea simu, utarudi ukute yameanza kufifia.

Kwa hiyo siki inagawanywa mara mbili. Sehemu ya kwanza ni ya viazi, mara tu vinapokatwa. Sehemu ya pili inapita kwenye kikaango cha nyama na kumwagwa juu ya vyote dakika chache kabla ya kula. Wapishi wengi wa Liège humwaga siki yote mara moja mwishoni, na chakula chao ni kizuri. Mimi naona kuigawa kunavipa viazi haki yake.

Vitu vya kutafuta

- Viazi mviringo gramu 800, vya ukubwa wa yai au zaidi kidogo, vinavyolingana
- Maharage machanga gramu 500
- Nyama ya moshi gramu 150 hadi 200
- Kitunguu maji 1 kikubwa, au vitunguu vidogo vya shaloti 4
- Siki vijiko 5 vya chakula (2 vya viazi, 3 vya kikaango)
- Mafuta ya kupikia vijiko 2 au 3 vya chakula, kama nyama yako haina mafuta
- Kotimiri fungu dogo. Ubelgiji hutumia paseli
- Pilipili manga iliyosagwa wakati huohuo, na chumvi ya maji ya kuchemshia

Haradali kijiko 1 cha chai ni ya hiari. Ukiitia, ichanganye na siki ya mwisho.

Kuchagua viazi

Kuna viazi vya unga na viazi vya kushikana. Vya unga hupasuka vikiiva na kumung'unyika. Ni vizuri kwa kuponda. Vya kushikana hukatika vipande safi na kubaki hivyo hata ukivigeuza kwa mwiko. Wabelgiji hutumia aina kama Charlotte na Nicola, ambazo ni za kushikana. Masoko yetu hayapangi viazi kwa namna hiyo, na muuzaji ukimuuliza atakujibu kwamba vyote ni vizuri. Kwa Kenya utakutana zaidi na Shangi, inayoiva haraka mno. Ukiipa kisogo, inapasuka.

Kuna kipimo rahisi cha nyumbani. Changanya chumvi kipimo 1 na maji vipimo 11, kwa kikombe kilekile, kisha tumbukiza kiazi. Kinachozama kina wanga mwingi, yaani ni cha unga. Kinachoelea ni cha kushikana. Usimwage maji hayo. Yapunguze makali kwa maji mengine uchemshie viazi.

Vikizama vyote usirudi sokoni. Vimenye vikiwa vibichi, vikate vipande vinene, na uvichemshe kwenye maji yenye siki kijiko 1 cha chakula kwa kila lita. Asidi hukaza pektini, ile gundi inayoshikilia chembe za mboga pamoja, kwa hiyo vipande havitapasuka kirahisi. Vitachelewa kuiva kidogo. Siki hii haihesabiwi kwenye vile vijiko 5.

> Tahadhari: kiazi chenye rangi ya kijani
> Kiazi kilichopigwa na jua au mwanga hujenga solanini, sumu ambayo haimalizwi na kuchemsha. Kata sehemu yote ya kijani pamoja na macho yaliyochipua, uondoe na nyama kiasi iliyo chini yake. Kikiwa kijani karibu chote, au kikiwa kichungu ulipoonja, kitupe.

Kuchagua maharage

Shika moja ulivunje. Likivunjika kwa mlio na kutoa unyevu, linafaa. Likipinda bila kuvunjika, limekaa sana kwenye fungu. Ukihisi mbegu zimevimba ndani ya ganda, limeshakomaa na litakuwa na nyuzi.

Hii ni mimea ileile inayotupa maharage makavu, isipokuwa yamevunwa yakiwa bado machanga. Kwa hiyo usiyale mabichi, wala usiyatoe majini baada ya dakika mbili tatu kama wanavyofanya baadhi ya wapishi wa hotelini. Maharage mabichi yana lektini, kitu kinachosumbua tumbo, na dawa yake ni maji yanayochemka kwa dakika za kutosha.

Kuchagua nyama

Liège hutumia bekoni nene ya nguruwe iliyokatwa vijiti vidogo. Ukiwa na butcha anayeuza bekoni isiyokatwa, nunua kipande kizima ukikate mwenyewe unene wa kidole kidogo. Ile iliyokatwa nyembamba kama karatasi huungua kabla haijatoa mafuta. Walaji wa kitimoto watashawishika kutumia nguruwe wa kukaanga wa kawaida. Chakula kitakuwa kitamu, lakini bila moshi nusu ya habari imepotea.

Asiyekula nguruwe hapungukiwi kitu. Nyama ya ng'ombe ya moshi, bata mzinga wa moshi, hata kuku wa moshi, vyote vinafaa. Tofauti iko kwenye mafuta tu: nguruwe huleta yake, hao wengine huja wakavu, kwa hiyo ongeza vijiko 2 au 3 vya mafuta kwenye kikaango. Usiyapunguze kwa kuogopa unene. Mafuta hayo pamoja na siki ndiyo mchuzi wa saladi, na hakuna mchuzi mwingine.

Ukitumia nyama iliyokaushwa kwa moshi kienyeji, ile ngumu inayouzwa ikiwa nyeusi nje, fanya kazi mbili kabla. Iloweke kwenye maji mpaka ilainike, kisha uichemshe mpaka iive kabisa ndani. Hapo ndipo uikate na kuikaanga. Moshi hukausha nyama na kuichelewesha kuoza, lakini hauthibitishi kwamba imeiva. Nunua kwa mtu unayemjua, na ujue ni nyama ya mnyama gani.

Halafu kuna suala la afya, na afadhali lisemwe waziwazi. Mwaka 2015 Shirika la Kimataifa la Utafiti wa Saratani, lililo chini ya Shirika la Afya Duniani, liliweka nyama za kusindikwa, zikiwamo za moshi na za chumvi, kwenye kundi la vitu vinavyosababisha saratani kwa binadamu. Ndiyo maana hapa nyama ni gramu 150 hadi 200 kwa watu 4, ikiwa kiungo cha kutia ladha. Si chakula cha kila Jumanne.

Hatua kwa hatua

1. Bandika viazi. Vioshe bila kumenya, viweke kwenye sufuria, mimina maji baridi mpaka vifunikwe, tia chumvi kijiko 1 cha chai kwa kila lita. Vianze na maji baridi ili moto uingie taratibu. Ukivitupa kwenye maji yanayochemka, nje inalainika kabla ya katikati kuiva. Maji yakichemka punguza moto, yawe yanatokota polepole. Vya ukubwa wa yai huchukua dakika 20 hadi 25. Choma kwa ncha ya kisu: kikiingia bila kulazimishwa, na kiazi kikateleza chenyewe polepole ulipokiinua, kimeiva.

2. Andaa maharage. Wakati viazi vinatokota, kata vichwa vya maharage na uondoe uzi kama upo. Mikia myembamba unaweza kuiacha. Yakiwa marefu yakate mara mbili. Bandika sufuria nyingine yenye maji mengi, lita 2 au zaidi, na chumvi vijiko 2 vya chai. Usiyatie maharage bado.

3. Menya na kukata viazi vikiwa vya moto. Mwaga maji lakini bakiza nusu kikombe. Shika kiazi kwa kitambaa safi, vuta ganda kwa kisu. Litatoka jepesi kama shati. Kata vipande vya unene wa sentimita moja na nusu, vitandaze kwenye bakuli pana. Nyunyiza siki vijiko 2, maji yale ya viazi vijiko 2, na pilipili manga. Funika kwa sahani. Usikoroge, viache vinywe.

4. Kaanga nyama. Weka nyama ya nguruwe kwenye kikaango kikiwa bado baridi, ndipo uwashe moto mdogo. Kikaango cha moto hubana nyama ghafla, na mafuta yanafungiwa ndani. Kikianza baridi, mafuta huyeyuka polepole na nyama hujikaanga ndani ya mafuta yake. Mwanzo utasikia mlio mzito wa maji yanayokauka. Ukigeuka kuwa mchachatiko mwepesi, maji yamekwisha na ukaangaji umeanza. Tazama kingo zikianza kuwa na rangi ya kahawia. Jumla ni dakika 8 hadi 10. Kwa nyama isiyo na mafuta, pasha mafuta kwanza, kisha tia nyama kwa dakika 4 au 5 tu, isije ikawa ngumu.

5. Tia kitunguu. Kikate vipande vidogo, kitie kwenye nyama kwa dakika 2 hadi 3. Kilainike tu na kiwe cha kung'aa. Kitunguu cha kahawia kama cha pilau kina utamu unaoshindana na siki. Ipua kikaango.

6. Chemsha maharage. Sasa maji yawe yanachemka kwa nguvu. Tia maharage yote, usifunike. Ukifunika, asidi zinazotoka kwenye maharage yenyewe hurudi majini na kufifisha rangi. Anza kuonja baada ya dakika 6. Jino lisikutane na ukaidi wala mlio, lakini haragwe lisiwe limelegea. Membamba huwa tayari kwa dakika 7 hivi, manene 9 au 10. Chuja, tikisa maji yote yatoke, na uyamwage juu ya viazi yakiwa bado yanatoa mvuke. Hakuna haja ya maji ya barafu. Hayo ni ya saladi baridi.

7. Siki ya mwisho. Rudisha kikaango motoni mpaka nyama ianze kulia tena. Zima jiko au ukisogeze pembeni, kisha mimina siki vijiko 3 kwa mpigo. Geuza uso: mvuke wake unawasha macho na koo. Kwangua kwa mwiko ule ukoko wa kahawia ulioshika chini, maana ladha ya nyama imelala humo. Sekunde 20 au 30 zinatosha. Ukiiacha ichemke muda mrefu, ukali wa siki hupotea hewani.

8. Changanya. Mwaga kila kilichomo kwenye kikaango juu ya bakuli. Changanya kwa kuinua kutoka chini kwenda juu kwa vijiko viwili vipana, mara nne au tano. Onja. Hapo tu ndipo uamue kama chumvi inahitajika, na mara nyingi haihitajiki. Nyunyizia kotimiri, peleka mezani.

> Kwa wenye jiko moja tu
> Ratiba ya hapo juu inadai majiko mawili. Kwa jiko moja, la mkaa au la gesi, fuata zamu hii: viazi kwanza, vikishakatwa na kunyunyiziwa siki, funika bakuli na ulizungushie taulo nene. Kisha nyama na kitunguu, ipua. Kisha maharage. Mwisho rudisha kikaango kwa dakika moja na umalizie siki. Viazi vitakuwa vya uvuguvugu, na mafuta ya moto yatavipasha tena.

Saa inategemea unakoishi

Dakika nilizotoa ni za watu wa pwani na nchi tambarare, ambako maji huchemka kwenye nyuzijoto 100 za Selsiasi. Nairobi, iliyo mita 1,700 hivi juu ya usawa wa bahari, maji huchemka kwenye nyuzi 94 au 95. Mbeya ni vivyo hivyo. Yanatokota mbele ya macho yako lakini joto lake ni dogo zaidi, na kuongeza moto hakubadilishi chochote isipokuwa bili ya gesi. Viazi vya dakika 20 Tanga vinaweza kudai dakika 25 au zaidi Mbeya. Maharage nayo yaongezee dakika 2. Amini kisu na jino kuliko saa ya ukutani.

Makosa yanayoonekana mara nyingi

*Magadi kwenye maharage.* Kosa hili lina mizizi. Magadi hulainisha maharage makavu, na ni kweli kwamba hufanya machanga yawe ya kijani cha kuvutia mno. Lakini huyalegeza yakawa kama yaliyopondwa, huacha ladha ya sabuni, na huharibu baadhi ya vitamini. Ukichuma maharage mapya na ukafuata hatua ya 6, hutayahitaji.

*Kutia chumvi mapema.* Nyama ya moshi imeshazikwa kwenye chumvi kabla ya kufika kwako. Ukikaanga, maji yanatoka na chumvi inabaki. Ukitia nyingine kwenye bakuli kabla ya kuonja, hutaweza kuitoa.

*Kupima uivaji wa nyama kwa rangi.* Nyama nyingi za moshi za viwandani zina naitraiti, inayozifanya zibaki na rangi ya waridi hata zikiiva. Bekoni ni mbichi mpaka uipike, hata pakiti ikiwa imeandikwa imepitishwa kwenye moshi. Ikaange mpaka kila kipande kimeshika moto pande zote.

*Siki kali kupita kiasi.* Siki ya kawaida ya kupikia ina asidi asilimia 4 hadi 6. Soma chupa. Ikiwa yako ni ya kuzimuliwa, izimue kwanza. Siki ya tufaha au ya zabibu ina ukali mpole zaidi na ndiyo ninayoipendelea. Ndimu nayo inaweza kusimama badala ya siki ya mwisho, ila ikamulie ndani ya bakuli, usiipeleke motoni. Manukato yake hayastahimili kikaango.

*Kuiacha kwenye sufuria ya alumini.* Sufuria zetu nyingi ni za alumini, na asidi huila alumini na kuleta ladha ya chuma. Kuchemshia humo hakuna tatizo. Lakini ikishatiwa siki, iwe kwenye bakuli la kauri, glasi, enameli au chuma kisichoshika kutu. Vilevile, ukivichemsha viazi vya unga kwa siki, tumia sufuria ya chuma kisichoshika kutu.

*Kuongezaongeza.* Mahindi, karoti, mayai, nyanya, jibini. Kila kimoja kina mtetezi wake, nami sibishani na jiko la mtu. Angalau ipike mara ya kwanza ilivyo. Nyanya hasa huleta maji na asidi ya ziada, na mizani ya siki uliyoipima inavurugika.

Kabla ya kuwasha jiko, hakikisha

☐ Viazi vinalingana ukubwa na havina kijani
☐ Maharage yanavunjika kwa mlio, yamekatwa vichwa
☐ Nyama imekatwa. Kama ni ya kienyeji imeshalowekwa na kuchemshwa
☐ Siki imegawanywa kwenye vikombe viwili: vijiko 2 na vijiko 3
☐ Bakuli si la alumini
☐ Walaji wamo nyumbani

Hilo la mwisho si utani. Chakula hiki hakimsubiri mtu aliye kwenye foleni ya magari. Ukijua mgeni atachelewa, fika hatua ya 5 kisha usimame. Akibisha hodi ndipo utie maharage majini. Dakika kumi na tano baadaye mko mezani.

Mezani na baada ya meza

Haihitaji mwenzake. Ukitaka, weka mkate wa kawaida wa kufutia mchuzi uliobaki chini ya bakuli. Pilipili ya kukaanga inakubalika pembeni. Kuimwaga juu ya bakuli zima ni kuwaamulia wengine. Kwa wasiokula nyama kabisa, kaanga uyoga kwenye mafuta mpaka ukauke na kushika rangi ya kahawia, utie paprika ya moshi kidogo kama unayo, kisha endelea na siki kama kawaida. Watoto wasiopenda ukali, watolee sehemu yao baada ya hatua ya 6, uwatilie nyama na mafuta kabla siki haijamiminwa kwenye kikaango. Viazi vyao vitakuwa na siki kidogo tu.

Iliyobaki isilale mezani. Ina nyama na wanga wenye unyevu, mahali ambapo vijidudu hustawi. Saa 2 nje ya jokofu ndiyo mwisho, na kwenye joto la Dar es Salaam au Mombasa linalopita nyuzi 32, saa moja. Ifunike, iweke kwenye jokofu, uile ndani ya siku 2. Maharage yatakuwa yamegeuka rangi, hilo haliepukiki, lakini ladha haiharibiki. Asubuhi yake ikaange kwenye mafuta kidogo mpaka viazi vishike ukoko na iwe moto kabisa mpaka katikati, uvunjie mayai 2 juu, ufunike mpaka yaive. Ipashe mara moja tu. Kitakachobaki baada ya hapo kitupwe.